Sauti ya Badar

Jumapili, 16 Machi

Mvua ya kwanza ya masika imeanza leo baada ya Adhuhuri, nami nimeamua kuanza kuandika, maana mjane aliyekaa eda hana kazi nyingi za kuchagua. Sitoki. Sipaki wanja, sijifukizi udi, sivai cha kupendeza. Nakaa chumba cha juu nyumbani kwa mama mkwe wangu, Mkunazini, nasikiliza maji yakishuka kwenye mlizamu mpaka kwenye tangi la uani.

Badar, mume wangu, alifariki tarehe ishirini Januari. Moyo ulisimama akiwa karakanani kwake Jang'ombe, anachomea geti la mtu. Hakuwa mzee wala hakuwa mgonjwa. Wanaokuja kunipa pole huniambia nishukuru, nisubiri, na polepole nisahau. Kushukuru nashukuru. Kusahau sijui nitasahau vipi, na sauti yake ninayo ndani ya kompyuta hapa mezani.

Sisi ni bendi, tunaitwa Kutu. Tunapiga roki ya vyuma, muziki wa kiwandani katika kisiwa ambacho viwanda vyake ni vya kutafuta kwa tochi. Badar aliimba, na ndiye aliyetuletea sauti za karakana: msumeno unaokata bomba, nyundo juu ya bati, jenereta linalokohoa. Pandu, Mtumbatu asiyependa maneno, hupiga mapipa na chochote kingine chenye mlio. Anwar hupiga gitaa, na studio yetu ni chumba cha nyuma nyumbani kwake Chukwani. Mimi ni wa mashine: nazikata sauti, nazipanga, nazirudia. Nusu ya mji haitujui, na nusu ya pili inatuombea dua tupone.

Albamu ilikuwa imefika katikati Badar alipoondoka. Tumekubaliana kuimaliza kwa heshima yake, na sauti yake aliyokwisha kuirekodi iwemo. Anayekataa ni mtu mmoja tu, na mtu huyo ndiye mama yake.

Jumanne, 18 Machi

Ramadhani bendi haigusi chombo, hilo lilikuwa sharti la Badar tangu mwanzo. Lakini kusikiliza nasikiliza. Leo Bi Ghaliya, mama yake Badar, kanikuta na hedifoni masikioni na machozi mashavuni. Yeye ni mwanamke wa Kiarabu wa mjini, wa zamani, anayetandika kitanda kana kwamba kuna mgeni anakuja kukikagua. Akasimama mlangoni na kanga yake ya sala.

"Ndo yeye huyo?"

"Ndiye, mama. Naisikiliza peke yangu, hakuna anayesikia."

"Anayesikia yupo." Akaja akakaa ukingoni mwa kitanda. "Radhiya, mtu akifa amali zake zinakatika, ila kile alichokiacha kikawa kinaendelea. Akiacha kisima, watu wakinywa anaandikiwa. Akiacha elimu, anaandikiwa. Na akiacha magitaa na makelele, kila watu wakiyasikiliza anaandikiwa nini mwanangu huko aliko?"

Nilisema tu kwamba siwezi kuacha, na kwamba nisipomsikia nahisi namzika mara ya pili. Nilitarajia anigombeze. Akafikiri, kisha akasema, "Basi ukimsikiliza niambie. Nitamsomea Yasin. Wewe unamuongezea, miye nampunguzia."

Akatoka. Nikabaki nimekasirika, maana mtu akikupinga kwa upole hata hujui umshike wapi.

Jumatatu, 31 Machi

Idd. Watoto wa jirani wamepita na nguo mpya zinazong'aa kama mabati. Mimi na gauni langu la kijivu tumekula biriani.

Alhamisi, 3 Aprili

Anwar na Pandu wamekuja leo, wamesimama chini barazani. Kwa kuwa nipo eda sikai na wanaume wasiokuwa maharimu, basi mjumbe wetu amekuwa wifi yangu Rasha, mdogo wake Badar. Kapanda na flashi, kashuka na maneno yangu, kapanda na maneno ya Anwar, mpaka akakaa kwenye ngazi akasema, "Miye si posta. Semeni yote kwa mkupuo."

Maneno ya Anwar ni haya: albamu isipokuwa na sauti ya Badar haitakuwa albamu ya Badar. Watu husema asiyekuwepo na lake halipo, na ndiyo maana tunataka awepo. Halafu, kwa maneno ya Rasha aliyeyaiga mpaka na mikono, "Wewe ndo mkewe. Mama keshazaa, kazi yake imekwisha."

Nilicheka, kisha nikaona haya kwa kucheka. Bi Ghaliya alikuwa chumba cha pili, na kuta za nyumba hii ni nene lakini milango iko wazi.

Pandu hakuleta neno. Alileta mkungu wa ndizi za kwao.

Jumamosi, 5 Aprili

Wimbo mkubwa wa albamu ni "Geti". Badar alilitundika geti zima kwenye mnyororo katikati ya karakana, Pandu akalipiga kwa nyundo ya mpira, mimi nikaupunguza mlio kasi mpaka ukawa kama moyo wa mnyama mkubwa. Juu yake Badar anapiga kelele neno moja, "Nifungulie," tena na tena, kila mara kwa nguvu zaidi, mpaka sauti inapasuka. Wasiomjua wangedhani mtu yuko hatarini. Mimi ninayemjua nasikia mtu anayefurahi kupita kiasi.

Nimemsikiliza. Nikamwambia mama. Akasoma.

Ijumaa, 11 Aprili

Mvua. Nimemsikiliza. Kasoma.

Jumatano, 16 Aprili

Nililala baada ya Adhuhuri, usingizi mzito wa mvua, nikaota Badar anapita na geti mgongoni katika barabara ya Michenzani. Barabara imejaa maji safi mpaka magotini, na hakuna gari. Akaniuliza, "Hili naliweka wapi?" Nikatazama huku na huku, nikaona hakuna ukuta wala nyumba ya kuliwekea, maji tu, na yale majumba marefu yanaelea kwa mbali bila haraka. Nikamwambia aweke popote. Akalisimamisha majini, akalifungua, akapita, akalifunga nyuma yake taratibu kama mtu anayetoka chumba cha mgonjwa.

Nilipoamka sikujua ni asubuhi au jioni. Mwanga wa masika ni mmoja tu, kijivu cha ndani ya chaza. Nikavaa hedifoni, nikawasha "Geti" kwa sauti ya chini, na kwa mbali, kupitia ukutani, nikamsikia Bi Ghaliya naye ameanza kusoma bila hata kuambiwa. Kisomo chake na lile geti vilikuwa vinakwenda mwendo mmoja. Sikio langu la kazi lilitaka kuviacha viendelee. Nikazima upesi, maana kuna mipaka hata kwa sikio langu.

Halafu nikakaa nikiwaza, amejuaje?

Alhamisi, 17 Aprili

Nimemsikiliza. Kasoma. Nguo hazikauki.

Jumapili, 20 Aprili

Leo nilipita mlangoni kwake akiwa anasoma, naye hakuniona. Msahafu ameusogeza mpaka unakaribia kugusa pua. Rasha aliniambia zamani kwamba mama yake ameihifadhi Yasin tangu ana miaka saba. Nilipomuuliza baadaye kwa nini anajitaabisha macho, akasema, "Kusoma kwa kutazama kuna ujira zaidi. Nikimpa kitu mwanangu, nimpe kilichojaa."

Nilimwona kama mlinzi wa gereza, nakiri hivyo hapa. Nilidhani anasoma ili kunifundisha adabu. Kumbe anafanya kazi, kazi ngumu, na mimi ndiye ninayempelekea mzigo kila siku kisha nalalamika kwamba anaubeba.

Sikusikiliza leo. Ilikuwa siku ndefu kama nini.

Alhamisi, 24 Aprili

Anwar kaleta ujumbe: anataka kukitoa kipande cha "Geti" mtandaoni ili watu wajue albamu inakuja. Nimemrudishia kwa Rasha kwamba asubiri nimalize eda, tukae, tuzungumze na mama. Rasha alipanda na jibu: "Kasema sawa." Nikamuuliza kalisema vipi. "Kama mtu anayesema sawa," akajibu, akaenda zake.

Jumanne, 29 Aprili

Nataka kuandika polepole ili nisikosee.

Baada ya Alasiri mvua ilishuka kwa kishindo. Rasha alikuwa kazini. Bi Ghaliya alikuwa juu ya msala anavuta tasbihi, mimi nakunja nguo zilizokataa kukauka. Chini ya roshani yetu akajibanza bwana mmoja na vespa yake kukwepa mvua. Alikuwa na spika kwenye vespa, zile za kufungwa kwa nyaya, na humo ndani ya spika, kwa nguvu zake zote, akaanza kupiga kelele Badar.

Nifungulie. Nyundo juu ya chuma. Nifungulie.

Mimi nilijua papo hapo ni nini. Bi Ghaliya hakujua. Alinyanyuka, mwanamke ambaye kwa magoti yake hushuka ngazi zile mara moja kwa siku na kwa malalamiko, akapita mbele yangu anakimbia. Nakiandika kitu nilichokisikia kwa masikio yangu mawili. Alikuwa anasema, "Nnakuja, baba, nnakuja. Kwani huna ufunguo?"

Nilimfuata. Alilivuta komeo la mlango mkubwa kwa mikono miwili. Mvua ikaingia ukumbini. Yule bwana alimwona bibi kizee na kanga ya sala, akazima spika kwa heshima, akasema, "Shikamoo, bibi. Samahani kwa kelele." Bi Ghaliya hakuitika marahaba. Alitazama kushoto, akatazama kulia, akachungulia nyuma ya vespa. Maji yalikuwa yanamchuruzika usoni. Mimi nilikuwa nimesimama nyuma ya mlango, eda imenishika pale kizingitini, siwezi kutoka hata hatua moja nikamshike.

Yule bwana akaondoka, maskini, bila kujua amefanya nini. Bi Ghaliya akafunga mlango. Akalirudisha komeo. Akanitazama kama ananitafuta na mimi.

"Alikuwa yeye," akasema.

"Ni wimbo, mama."

"Najua sasa."

Nikamshika mkono tukapanda. Alikuwa mwepesi kuliko nilivyodhani. Nimelia, na siandiki zaidi leo.

Jumatano, 30 Aprili

Ni Anwar. Kakitoa kipande cha "Geti" jana asubuhi, na mji mzima unacho. Rasha anasema hata Kikwajuni, kwenye baraza la kahawa, wazee wamekisikia na wamegawanyika.

Asubuhi Bi Ghaliya alimwita Rasha, akamuuliza, "Hiyo nyimbo wameisikiliza watu wangapi?"

Rasha hakufikiri. Alitazama simu, akamsomea: elfu kumi na moja na kitu.

Bi Ghaliya akatawadha, akatandika msala, akafungua msahafu. Akasoma Yasin mpaka mwisho, akarudi mwanzo. Akasoma, akarudi mwanzo. Hakuja kula chakula cha mchana. Tulidhani ni huzuni tu, mpaka Rasha alipoingia na chai na mama yake akamuonyesha kwa kidole asimkatize, nasi sote wawili tukaelewa kwa pamoja anachokifanya. Alikuwa anawasomea wote. Kila mmoja wa wale elfu kumi na moja.

Rasha alikaa chini mlangoni akajifunika uso. Wahenga walisema uchungu wa mwana aujua mzazi, na mimi nilikuwa nikilisikia neno hilo kwenye harusi na matanga kama mtu anavyosikia redio ya jirani. Leo nimeliona kwa macho, limekaa juu ya msala. Nilidhani katika nyumba hii anayempenda Badar zaidi ni mimi. Naona nilikuwa najidanganya.

Ijumaa, 2 Mei

Sauti ya Bi Ghaliya imekatika. Anasoma kwa midomo.

Nilimtumia Anwar ujumbe mmoja: njoo. Alikuja baada ya sala ya Ijumaa. Nilishuka mwenyewe nikasimama nyuma ya mlango, yeye barazani, tukazungumza kupitia upenyo. Bi Ghaliya alisikia, wala hakunizuia.

Nilikuwa nimepanga maneno makali, ya kumtoa mtu ngozi. Nikamwambia kwanza kilichotokea, mlango, mvua, kisomo.

"Jumanne ilikuwa siku yake ya kuzaliwa," akasema. "Tarehe ishirini na tisa. Nlitaka nimpe kitu. Wallahi, Radhiya, sikufikiri zaidi ya hapo."

Mimi mkewe nilikuwa nimeisahau siku yenyewe. Eda na mvua vimenichanganyia tarehe zote. Yale maneno makali yakaniishia mdomoni.

"Nshakiondoa," akasema. "Lakini watu wanacho kwenye masimu yao."

Maji yakimwagika hayazoleki, sote tunajua. Nikamwambia kilichobaki tunaweza kukizuia. Nikamwambia albamu itatoka bila sauti ya Badar. Nililisema hivyo hivyo, na sikujua nitalisema mpaka nilipolisikia.

"Itakuwa albamu ya nani sasa?" akauliza Anwar.

Nilimsikia Pandu, ambaye kumbe alikuwepo muda wote, akisema, "Itoe sauti yake. Vyuma vitasimama vyenyewe."

Jumatatu, 5 Mei

Kazi ya leo: kumtoa mume wangu kwenye nyimbo. Nafungua wimbo, natafuta anapoanza, nakata, natafuta anapomaliza, nakata. Kila kipande nakiweka pembeni kwenye faili ambalo sikulipa jina.

Nina hasira. Nina hasira na mama, na Anwar, na moyo uliosimama bila taarifa, na vidole vyangu kwa kuwa vinaijua kazi hii vizuri mno.

Jumapili, 11 Mei

Mvua imeanza kupungua, inakuja kwa manyunyu, inasahau inachotaka, inakwenda.

Nyimbo zote sasa hazina mtu. "Geti" linapigwa, linapigwa, halafu pale pa kuitwa hakuna anayeita. Nilitaka kupajaza kwa gitaa nikaona gitaa linajipendekeza. Nimepaacha. Unaposikiliza unajikuta umeinamisha kichwa kidogo kwenda mbele, unangoja. Ni nzuri, hilo nalijua kikazi. Lakini ni uzuri wa chumba kilichohamwa, na nimeshindwa kuupenda.

Jumatano, 14 Mei

Asubuhi Bi Ghaliya aliingia chumbani kwangu, akakaa kwenye kiti cha Badar mbele ya kompyuta. Sauti yake imerudi nusu, ina mikwaruzo.

"Niwekee hicho kidude masikioni."

"Mama, nimeshamtoa. Hayumo tena."

"Najua. Rasha kanambia. Nataka nimsikie kabla hujafuta." Akaurekebisha mtandio wake. "Miaka yote alipokuwa akiimba nlikuwa natoka chumbani. Sikuwahi kumsikia mpaka mwisho."

Nikamvalisha hedifoni juu ya mtandio. Nikaliweka "Geti", lile la mwanzo, na sauti yake ndani. Nilimtazama uso. Alikunja uso kama mtu anayetazama juani. Wimbo ulipokwisha akalifunua sikio moja.

"Alikuwa na hasira na nani?"

"Hakuwa na hasira, mama. Akimaliza kuimba hivi alikuwa anacheka mpaka anakaa chini."

"Na koo haikumuuma?"

"Nilikuwa nikimpa asali na tangawizi."

"Bora," akasema, akanipiga kidogo gotini. "Pana pahala anasema tu, kama watu?"

Nikasema nitatafuta. Kuna faili la majaribio, vipande ambavyo hatukuvitumia, vya Chukwani, vingi sikuwahi kuvifungua. Nikachomoa hedifoni ili tusikie sote, nikafungua kimoja baada ya kingine. Vyuma, Anwar anakosea, Anwar anakosea tena. Kisha kikaja kipande ambacho geti linaanza, Badar anavuta pumzi aingie, na simu inalia. Geti linanyamaza. Nyayo. Halafu Badar, kwa sauti yake ya nyumbani, laini, ile asiyoitumia kwa mtu mwengine:

"Naam, mama."

Kimya kidogo.

"Nshakula, mama."

Kimya.

"Wali na mchuzi wa pweza."

Kimya kirefu zaidi.

"Nnakuja. Nipitie mkate wa ufuta?"

Kimya.

"Haya, mama. Naam."

Kisha, kwa wenzake, "Tuanze tena." Kipande kinakatika.

Bi Ghaliya alikuwa ameshika ukingo wa meza.

"Rejesha," akasema.

Nikarejesha. Simu ikalia, na kabla sijajua, Bi Ghaliya aliita, kwa ile sauti yake iliyokwaruzika, "Badar?"

"Naam, mama."

"Ushakula?"

"Nshakula, mama."

"Muongo wewe. Umekula nini?"

"Wali na mchuzi wa pweza."

"Na huko unakaa mpaka saa ngapi, na mvua hii?"

"Nnakuja. Nipitie mkate wa ufuta?"

"Miwili. Na uje kabla ya Magharibi, usinikalishe roho juu."

"Haya, mama. Naam."

Nje mtu alikuwa anafagia maji barazani kwake. Sijui kama aliyakumbuka maneno aliyosema siku ile, au alisema tu yale ambayo mama husema. Yalienea sawasawa, hakuna lililozidi.

Baadaye, kwa mazoea, nikamwambia, "Nimemsikiliza leo, mama."

"Hii siisomei," akasema. Akafuta macho kwa ncha ya mtandio. "Mtoto kumwitikia mama yake haandikiwi dhambi, anaandikiwa thawabu. Hii itieni kwenye albamu yenu. Na isikilizwe na watu mpaka waishe."

Alhamisi, 29 Mei

Eda imekwisha. Nimeoga, nimevaa gauni la rangi ya maji ya bahari, Rasha kanifukiza udi mpaka nikapiga chafya. Nje jua limetoka na kuta zote za mjini zinafuka mvuke. Nilishangaa watu walivyo wengi.

Chukwani tumekaa watatu kwa mara ya kwanza tangu Januari. Nikawawekea kile kipande cha simu. Anwar alitaka kuingiza gitaa kwa mbali nyuma yake, kisha mwenyewe akasema hapana. Tumekiweka mwisho wa albamu, kitupu, na vile vimya vya mama tumeviacha virefu kama vilivyokuwa. Sauti ya Badar haimo pahala pengine popote. Nimewauliza kama inatosha. Anwar akasema ndiyo, hii sasa ni yake.

Pandu alikuwa amegeukia ukuta. Nilijua analia, nikajifanya napanga nyaya. Hatimaye akasema, "Siku ile hatukula kitu."

"Siku ipi?"

"Hiyo. Hatukuwa na pweza wala wali. Tulikuwa na maji na ndimu tangu asubuhi. Kampumbaza mama asihangaike."

Nimerudi nyumbani na neno hilo. Katika kila kitu Badar alichokiimba, tumechagua kubakisha kitu kimoja kilicho safi, na hicho nacho kina uongo ndani yake. Nilifikiria kumficha Bi Ghaliya. Lakini nimekaa naye masika mazima, nimeona anavyomhudumia mwanawe, na sikuweza kumpa hesabu isiyokuwa kamili.

Nikamwambia jikoni, amesimama mbele ya jiko. Nikamwambia yote, maji na ndimu.

Akacheka. Sikuwa nimemsikia akicheka tangu msiba. "Nlijua," akasema. "Mtu aliyeshiba hajibu upesi vile."

"Tukitoe, mama?"

"Kiacheni hapo hapo. Uongo wa kumtuliza mama, huo ntamsemea mwenyewe mbele ya Mola wake." Akafunua sufuria, akachungulia, akafunika. Kisha akanitazama, mimi na gauni langu jipya. "Na weye, mwanangu, ushakula?"

Nikamwambia sijala.